Ufundishaji wa Kihakiki na Nafasi ya Filamu ya Hali Halisi

Ufundishaji wa kihakiki ni ule unaomzoeza mwanafunzi kuuliza mambo yalikuwaje hata yakawa hivi yalivyo, nani ananufaika nayo, na kama yangeweza kuwa vingine. Anayehusishwa zaidi na dhana hii ni Paulo Freire, mwalimu aliyezaliwa Recife, Brazili, mwaka 1921, ambaye aliifananisha elimu ya mazoea na benki: mwalimu anaweka amana, mwanafunzi anaitunza, na siku ya mtihani inatolewa kama ilivyowekwa.

Picha imo katika ufundishaji huu tangu siku zake za mwanzo. Mwaka 1963, katika mji wa Angicos, kaskazini-mashariki mwa Brazili, watu wazima wapatao 300 walifundishwa kusoma na kuandika, na kabla ya kufika kwenye herufi walioneshwa ukutani picha za maisha wanayoyajua, kisha wakaulizwa ni kipi humo kimetokana na mkono wa mtu na kipi ni cha asili. Anayetambua kwamba kisima kimechimbwa na watu yuko karibu kutambua kwamba hata umaskini wake haukuota wenyewe kama nyasi. Mwaka uliofuata jeshi liliipindua serikali, na Freire akatiwa gerezani.

Filamu ya hali halisi, ambayo wengi huiita dokumentari, inaweza kufanya kazi ya picha zile, mradi mwalimu asiigeuze kuwa amana nyingine. Kuzima taa, kuonesha filamu mwanzo hadi mwisho, kisha kusema "mmejionea wenyewe", ni benki ileile, na kwa maoni yangu ni mbaya zaidi, kwa sababu kilichoonekana kwa macho ni kigumu kukitilia shaka.

Chukua filamu ya Darwin's Nightmare ya mwaka 2004, ambayo Hubert Sauper aliipiga Mwanza kuhusu biashara ya sangara. Mwalimu anaisimamisha pale yanapoonekana mapanki, yaani mifupa na vichwa vinavyobaki baada ya minofu kwenda Ulaya, yakiwa yametundikwa juani. Nani anakula mapanki, na kwa nini minofu haimfikii? Kisha anaigeukia filamu yenyewe: kamera ilisimama wapi, nani hakuhojiwa, na ile dokezo kwamba ndege za kuchukua samaki zilileta silaha imethibitishwa na nini? Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliikosoa filamu hiyo hadharani, na ukosoaji huo nao unastahili kuwekwa mezani uulizwe maswali yaleyale, mbele ya wanafunzi ambao pengine wazazi wao huamkia mwaloni, yaani ufukoni samaki wanaposhushwa, kila siku na wanajua mengi ambayo si mtengenezaji filamu wala mwalimu anayajua.

Baada ya hapo wanafunzi wanaweza kwenda mwaloni na simu ya mkononi, warekodi dakika 5 za kwao, na warudi darasani kueleza kwa nini walimhoji huyu wakamwacha yule.