Je, wajua mechi ya Don Larsen ya 1956 ilihifadhiwaje kabla ya kanda za video?

Tarehe 8 Oktoba 1956, kwenye uwanja wa Yankee Stadium jijini New York, Don Larsen, mrushaji wa timu ya besiboli ya Yankees, alikabiliana na wapigaji 27 wa timu ya Brooklyn Dodgers. Hakuna hata mmoja aliyefika kituo cha kwanza. Katika besiboli huo ndio mchezo kamili: zamu tisa, kila zamu wapigaji watatu, wote wanatolewa. Larsen alirusha mipira 97 tu, na mpaka leo hakuna mwingine aliyerusha mchezo kamili kwenye World Series, fainali ya besiboli ya Marekani. Ajabu ni kwamba siku tatu kabla yake alikuwa ameondolewa uwanjani katika zamu ya pili, na mwaka 1954, akiwa na timu ya Baltimore, alishinda mechi 3 akapoteza 21.

NBC waliionyesha mechi hiyo moja kwa moja, lakini vituo vya televisheni havikuwa bado na mashine za kurekodi video. Mtandao wa televisheni wa CBS ulianza kuzitumia hewani tarehe 30 Novemba mwaka uleule, wiki chache baadaye. Njia iliyokuwepo ni kineskopu: kamera ya filamu ya milimita 16 inaelekezwa kwenye kioo cha televisheni na kupiga picha ya kile kinachoonekana hapo.

Kazi hiyo si nyepesi. Televisheni ya Marekani ilionyesha picha 30 kwa sekunde, filamu 24. Kila picha ya filamu huachwa wazi kwa sekunde 1/30, kwa hiyo muda unaobaki wa kuivuta filamu mbele ni sekunde 1/120 tu. Kilango cha kamera, kinachofungua na kuziba mwanga, kikikosea kidogo, mstari mweusi au mweupe hujitokeza katikati ya picha. Ukungu mwingi unaouona kwenye picha za zamani umetokana na njia hii, maana ni picha ya picha.

Kisha kuna wingi wa filamu. Dakika moja hula takriban mita 11, na mkebe wa mita 366 huishia kwenye dakika 33 hivi. Mechi ile ilichukua saa 2 na dakika 6, yaani mikebe minne. Ukipotea mmoja, nusu saa nzima ya mchezo imekwenda.

Nakala ya mechi ya Larsen ilikaa kwa mkusanyaji wa filamu za michezo, na tarehe 1 Januari 2009 kituo cha televisheni cha besiboli, MLB Network, kiliionyesha siku kilipoanza matangazo yake. Zamu ya kwanza haimo. Na humo ndimo alimopigia Pee Wee Reese, mpigaji wa pili, mtu pekee siku ile aliyemfikisha Larsen kwenye mipira mitatu mibaya; mmoja zaidi, Reese angetembea hadi kituo cha kwanza. Larsen akamtoa hata hivyo.