"Wakili, Hati Si Ninayo?"

Mzee mmoja aliweka bahasha ya kaki mezani kwangu, akaketi, kisha akayasema maneno ninayoyajua kwa moyo: "Wakili, kiwanja changu, hati ninayo, matangi nimeshafukia. Hawa EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, wananinyima leseni ya sheli ya mafuta kwa sheria gani?"

Kwa Sheria ya Petroli ya mwaka 2015, mzee wangu. Sheria hiyo inadai kibali cha ujenzi kabla ya ujenzi, si baada ya matangi kufukiwa. Leseni ya kuuza rejareja ni kitu kingine kabisa, nayo huja mwishoni.

Nilimwomba afungue ukurasa wa masharti ya hati. Pana mstari pale ambao wengi hawausomi mpaka siku ya ugomvi, na wake ulisema ardhi itatumika kwa makazi tu. Hati haikukupa ardhi uifanyie upendavyo. Ardhi ya Tanzania ni ya umma na Rais ndiye mdhamini wake. Sheria ya Ardhi ya 1999 imelisema hilo wazi. Wewe umepewa haki ya kuitumia kwa masharti yaliyoandikwa humo, na ukichimbia matangi kwenye kiwanja cha makazi umeyavunja. Kinachotakiwa kwanza ni kuomba halmashauri ibadili matumizi. Bango husimikwa kiwanjani, tangazo hutoka gazetini, majirani wakapata nafasi ya kupinga. Kisha hufuata tathmini ya athari kwa mazingira, ambayo Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inataka ifanyike mradi haujaanza. Ukishapata cheti cha NEMC, baraza la taifa la mazingira, unaomba kibali cha ujenzi. Ndipo umwage zege.

"Lakini nimeshatumia hela nyingi, watanihurumia." Hapo ndipo subira huniisha. Hela uliyoizika ardhini si sifa ya mwombaji. Tena zile picha za kituo kilichokamilika, anazonionyesha mteja kwenye simu kwa fahari, ndizo ushahidi wa kwanza dhidi yake: ameanza bila kibali, na amejipiga picha akifanya hivyo. Ushauri wangu haujabadilika miaka yote. Kabla hujamlipa mchora ramani, niletee nakala ya hati. Ada ya kuisoma haifiki bei ya lori moja la kokoto.

"Wakininyima nakwenda Mahakama Kuu." Taratibu. Rufaa dhidi ya uamuzi wa EWURA huenda Baraza la Ushindani, chombo kilichoundwa na Sheria ya Ushindani ya 2003. Muda wa rufaa nao una mwisho, kwa hiyo barua ya kukataliwa niletee siku ileile uliyoipokea, usisubiri kwanza umalize kumtafuta "mtu wetu wa wizarani".

Wengine huniambia: "Nina sifa zote, kampuni ya mafuta lazima inipe uwakala." Wazo hili nadhani linatoka kwenye video za India, maana mteja mmoja alinijia nayo kwenye simu. India kampuni kama Indian Oil ni za serikali, ndiyo maana ugawaji wa vituo vyao hufika mahakamani kama jambo la umma. Agosti 2002 serikali ya huko ilifuta ugawaji wote uliofanyika tangu Januari 2000, baada ya gazeti kuandika kuwa watu wa vyama vya siasa wamependelewa. Desemba mwaka huohuo Mahakama ya Juu ikatengua ufutaji huo wa jumla, ikaagiza vituo vilivyotiliwa shaka vichunguzwe kimoja kimoja. Kwetu bendera nyingi za vituo vya mafuta unazoziona barabarani ni za kampuni binafsi. Kampuni binafsi ikikataa kusaini mkataba na wewe, imekataa biashara tu. Kama ilishasaini, au ilipokea amana yako ikakaa kimya, hapo njoo tuzungumze.

Wengine tena: "Baba alikuwa wakala, kwa hiyo kituo ni mirathi yetu." Mafuta yaliyobaki kwenye matangi, kama aliyalipia, na fedha alizokuwa akiwadai wateja, sawa, ni mirathi. Leseni haihami kwenda kwa mtu mwingine bila idhini ya EWURA, na mkataba wa uwakala mara nyingi umeshikamana na mtu mwenyewe. Msimamizi wa mirathi awahi kwenye kampuni na EWURA. Kuendelea kuuza kwa jina la marehemu ni kujitafutia kesi.

"Cheti cha NEMC kinatosha." Hakitoshi. Zimamoto, OSHA (wakala wa usalama na afya kazini) na Wakala wa Vipimo wana masharti yao.

Yule mzee aliikunja hati, akairudisha kwenye bahasha. Alipofika mlangoni akageuka: "Basi angalau nijenge ukuta wa kuzunguka, ng'ombe wasitumbukie?"

Nikamwambia ukuta nao una kibali chake, halmashauri.