Barafu haitunzi akili

Hadithi za kubuni zina mahekalu ya kale kwenye dunia zilizoganda, ambamo akili za wafu hukaa salama maelfu ya miaka. Imani iliyo nyuma yake, kwamba baridi kali yatosha kuhifadhi ubongo, ni ya siku nyingi na si sahihi.

Wanaoipinga nao mara nyingi hukosea sababu. Kwa kuwa maji yakiganda hutanuka kwa takriban asilimia 9, husema seli hupasuka kama chupa. Kumbe katika ubongo unaopoa polepole, barafu huanza nje ya seli. Fuwele, yaani chembe za barafu zinazojipanga, huchukua maji tu na kuacha chumvi, chumvi hukolea, kisha huvuta maji yaliyomo ndani ya seli. Seli husinyaa, utando wake huharibika, na fuwele zinazokua huzibana nyuzi za neva hadi maungio yake yanavurugika. Hasara kubwa ni hiyo, maana kumbukumbu hutegemea maungio hayo.

Dawa yake ni kuzuia fuwele kabisa. Kemikali za kukinga barafu hupitishwa kwenye mishipa ya damu, ukolezi ukipandishwa hatua kwa hatua, kisha kiungo hupozwa hadi umajimaji wake ugeuke kigumu kama kioo. Ukiharakisha kupandisha ukolezi, seli hunyauka. Ukikawia, kemikali huzidhuru. Naitrojeni ya kimiminika inayotumika kupoza, yenye nyuzi 196 chini ya sifuri, huweza kukitia kiungo kikubwa nyufa. Kukipasha joto ni kugumu zaidi: kikichelewa, fuwele huota njiani.

Viinitete, yaani mimba changa kabisa, huvuka mgandisho salama kwa udogo wao. Ubongo wa binadamu haujawahi kurudishiwa uhai baada ya kugandishwa.