Mchawi wa Sumaku Havuti Dhahabu: Dhana Potofu na Ukweli

Watunzi wa hadithi na gemu wanaobuni chuo cha uchawi wa sumaku huanza vizuri, kisha sura ya tatu mwanagenzi anachomoa cheni ya dhahabu shingoni mwa tajiri. Hapo msomaji anayeijua fizikia ya sekondari anaweka kitabu chini. Ruhusu jambo moja tu lisilowezekana, yaani mtu kuzalisha uga wa sumaku (eneo ambamo nguvu ya sumaku hufanya kazi) kwa mwili wake. Mengine yote yaache yafuate sheria.

Dhana: Sumaku huvuta kila metali.

Katika joto la kawaida, metali zinazovutwa kwa nguvu ni chuma, nikeli na kobalti, pamoja na aloi zake nyingi. Dhahabu, fedha, shaba, risasi na alumini hazimo. Stenlesi ndiyo mtego: sufuria nyingi za stenlesi yenye nikeli hazishiki sumaku, ilhali visu vingi vya stenlesi hushika.

Hata hivyo, mwenye ngao ya shaba asijione yuko salama. Uga unaobadilika, au metali inayokatiza uga kwa kasi, huzalisha mikondo ya umeme ndani ya metali hiyo, na mikondo hupinga mwendo. Dondosha sumaku ya neodimi, aina yenye nguvu sana, ndani ya bomba nene la shaba la mita 1, bomba likiwa pana kidogo tu kuliko sumaku. Jiwe lingefika chini kabla ya nusu sekunde. Sumaku itachukua sekunde kadhaa. Basi mchawi anaweza kuupunguzia kasi mshale wa alumini unaopaa. Ukilala mezani, na yeye anatumia uga usiobadilika, hautikisiki.

Dhana: Mchawi hodari huvuta upanga kutoka ng'ambo ya uwanja.

Hili ndilo linaloharibu hadithi nyingi kuliko yote. Sumaku mbili zikiwa mbali ukilinganisha na ukubwa wake, ukizidisha umbali mara mbili nguvu hubaki 1/16. Kwa kipande cha chuma ambacho hakijawa sumaku ni mbaya zaidi, kwa sababu uga wenyewe ndio unaokigeuza sumaku kwanza: nguvu hubaki kama 1/128. Upanga unaovutwa kwa nyutoni 10 ukiwa mita 1 utavutwa kwa chini ya nyutoni 0.1 ukiwa mita 2. Uchawi huu ni wa karibu, wa kushikana mashati. Ukitunga gemu, weka mpaka wa hatua mbili tatu, na nguvu ipande ghafla mtu anapokaribia.

Usisahau pia kwamba kinachovutwa nacho huvuta. Mchawi wa kilo 60 akilivuta lango la chuma la tani 2, atakayeruka ni yeye. Wanagenzi wa mwaka wa kwanza wafundishwe kukita miguu na kujifunga kwenye nguzo kabla ya kufundishwa kuvuta.

Gharama nayo ihesabiwe. Uga wa tesla 1 (tesla ni kipimo cha ukali wa uga) katika mita moja ya ujazo hubeba nishati ya takriban kilojuli 400. Ukifika tesla 10 ni mara mia, karibu uniti 11 za umeme wa LUKU, kwa pigo moja. Mchawi wako anazitoa wapi?

Dhana: Damu ina chuma, kwa hiyo adui anaweza kunyanyuliwa kwa damu yake.

Mwili wa mtu mzima una chuma kama gramu 4, nyingi yake ikiwa ndani ya himoglobini, atomu mojamoja, si vipande. Damu yenye oksijeni husukumwa kidogo mno na sumaku. Himoglobini iliyopoteza oksijeni huvutwa kidogo mno. Mashine za MRI za hospitali, zinazopiga picha za ndani ya mwili, hutumia tesla 1.5 au 3, makumi ya maelfu ya mara zaidi ya uga wa dunia, na mgonjwa halalamiki. Hatari chumbani humo ni mtungi wa oksijeni wa chuma ulioingizwa kwa uzembe: unaruka kama kombora. Mchawi aue kwa kile adui alichovaa.

Kumwelesha mtu hewani si uongo mtupu, maana maji husukumwa na sumaku. Mwaka 1997 huko Nijmegen, Uholanzi, chura hai alielea katika uga wa tesla 16 hivi, ndani ya tundu la sentimita chache. Chura, lakini.

Dhana: Sumaku haifi.

Hufa kwa moto. Chuma hakivutwi tena kikifika nyuzi 770 za Selsiasi, na wahunzi wengi hutumia sumaku kujua kama kisu kiko tayari kuzamishwa. Kikipoa huvutwa tena. Sumaku za kawaida za neodimi huanza kudhoofika zikipita nyuzi 80, na ukizidisha hazirudi. Mchawi wa moto ndiye adui halisi wa chuo hiki.

Dhana: Sumaku huponya.

Chuo cha namna hii kiliwahi kuwepo kweli. Franz Anton Mesmer aliingia Paris mwaka 1778 akidai kuponya kwa "sumaku ya viumbe". Mwaka 1784 tume ya mfalme wa Ufaransa, wakiwamo wanasayansi Franklin na Lavoisier, iliipima. Mti mmoja wa aprikoti bustanini kwa Franklin "ulitiwa sumaku" na Deslon, mfuasi wa Mesmer, kisha mvulana wa miaka 12 akaongozwa amefungwa macho kutoka mti hadi mti. Alizirai kwenye mti wa nne, ambao haukuguswa. Mtunzi anayetaka tabibu tapeli chuoni asihangaike kubuni.

Dhana: Ukiikata sumaku unapata ncha moja.

Unapata sumaku mbili ndogo, kila moja na ncha zake mbili.

Dhana: Kompasi ni ileile popote.

Kenya na Tanzania ziko kusini ya ikweta ya sumaku, mstari ambapo sindano ya kompasi haiinami upande wowote, hivyo ncha ya kusini ya sindano ndiyo inayoinama. Kompasi iliyosawazishwa kwa Ulaya huwekewa uzito upande wa kusini kuzuia ncha ya kaskazini isizame. Ukiileta Kilwa, uzito na uga vinaelemea upande mmoja, na sindano inaweza kukwaruza kisanduku. Mwanagenzi abandike kitone cha nta kwenye sindano na akisogeze kwenda upande wa kaskazini, kidogokidogo, mpaka sindano ilale sawa.