Je, wajua kwa nini kwotabeki wa akiba hulipwa mamilioni akiwa benchi?

Chase Daniel alidumu kwenye NFL, ligi kuu ya mpira wa Kimarekani, kuanzia 2009 hadi msimu wa 2022. Miaka yote hiyo alianza mechi 5 tu. Hata hivyo alistaafu akiwa amelipwa zaidi ya dola milioni 40. Walikuwa wanamlipia nini?

Kwa asiyeufuata mchezo huu, kwotabeki ndiye anayepokea mpira karibu kila shambulizi linapoanza, kisha anaamua aurushe, ampe mwenzake au akimbie nao mwenyewe. Hali yake ni kama ya golikipa kwenye soka: anayecheza ni mmoja, na wa pili anaweza kusubiri msimu mzima bila kugusa mpira. Ila yeye ana mzigo zaidi. Kofia yake ina kispika kidogo ambamo kocha humtajia mchezo unaofuata, na mawasiliano hayo hukatwa zikibaki sekunde 15 za kuanzisha mpira. Baada ya hapo yuko peke yake: awapange wenzake 10, asome mabeki wamesimamaje, na ikibidi abadilishe mpango papo hapo.

Wa akiba anatakiwa ayajue yote hayo, na mazoezi yenyewe hapewi ya kutosha. Zamu nyingi za wiki ni za yule anayeanza. Yeye huongoza kikosi cha kuigiza wapinzani. Kama Jumapili mnakutana na timu ya kwotabeki Patrick Mahomes, basi wiki nzima yeye ndiye Mahomes, anarusha pasi kwa mtindo wa mtu mwingine ili mabeki wa timu yake wamzoee adui. Mipango ya timu yake mwenyewe anaisoma zaidi kwenye video. Siku ya mechi yuko pembeni na tableti, anamwonyesha mwenzake picha za shambulizi lililopita: beki huyu alijifanya anakuja mbele, kumbe anarudi nyuma. Kwa maoni yangu, sehemu kubwa ya mshahara inalipwa hapo, kwa macho na kichwa, kabla hajarusha hata pasi moja.

Halafu kuna siku inayohesabika. Desemba 2017 kwotabeki wa Philadelphia Eagles, Carson Wentz, aliumia goti timu ikiwa inatisha. Akaingia Nick Foles, mtu ambaye mwaka mmoja na nusu hivi kabla ya hapo alifikiria kuacha mpira kabisa. Februari 4, 2018 aliifunga New England Patriots 41-33 kwenye Super Bowl, akarusha pasi za jumla ya yadi 373 na kutwaa tuzo ya mchezaji bora wa fainali. Kabla ya mapumziko alimfuata kocha Doug Pederson pembeni na kupendekeza mchezo wa hila: mpira upite kwa wengine, kisha kwotabeki mwenyewe ndiye arushiwe. Pederson akakubali, na Foles akadaka na kufunga.

Pederson aliwahi kuwa akiba wa Brett Favre kule Green Bay. Msaidizi wake wa mashambulizi, Frank Reich, alikuwa akiba wa Jim Kelly pale Buffalo, na Januari 1993 aliingia badala yake akaipindua Houston iliyokuwa mbele 35-3. Foles alikuwa mikononi mwa watu waliojua mtu wa benchi anahitaji kuambiwa nini. Na Tom Brady, kwotabeki wa Patriots upande wa pili? Naye alipata nafasi mwaka 2001 baada ya Drew Bledsoe, aliyekuwa akianza, kuumia.

Timu isiyojiandaa huumbuka. Januari 2023 San Francisco 49ers walicheza nusu fainali wakiwa na Brock Purdy, chaguo la tatu baada ya wawili kuumia. Naye akaumia kiwiko mapema. Akaingia Josh Johnson, akagongwa kichwa, akatolewa. Purdy ikabidi arudi na mkono usioweza kurusha mbali, wakafungwa 31-7. Miezi michache baadaye ligi ikabadilisha kanuni: timu sasa inaruhusiwa kuvalisha kwotabeki wa tatu wa dharura, anayeingia pale tu wawili wa kwanza wanapoumia au kufukuzwa na waamuzi.