Je, wajua kwa nini filamu moja ya uhalifu hubeba muziki wa kila namna?

Anayesikiliza albamu ya muziki wa filamu ya Collateral bila kuitazama filamu yenyewe anaweza kudhani kwamba kanda za watu watano zimechanganyika: ipo jazi ya mpiga tarumbeta Miles Davis, roki ya Audioslave, muziki wa densi wa Paul Oakenfold, na hata muziki wa Bach, mtunzi wa Kijerumani wa zamani, uliotiwa ngoma za Kikuba na kundi la Klazz Brothers. Kwa nini mwongozaji Michael Mann hakumwachia mtunzi James Newton Howard kazi yote?

Jibu limo ndani ya teksi. Filamu hiyo ya mwaka 2004 inasimulia usiku mmoja wa Los Angeles, ambapo dereva Max (Jamie Foxx) analazimishwa kumzungusha muuaji wa kukodiwa, Vincent (Tom Cruise), kutoka kwa mtu mmoja anayetakiwa kuuawa hadi kwa mwingine. Mji huo umetawanyika mno, na wakazi wa mtaa mmoja wanaweza wasikanyage mtaa wa pili kwa miaka. Teksi ndiyo inayoivuka mipaka hiyo, na sikio la mtazamaji ndilo linaloarifiwa kwanza kwamba ameingia kwa watu wengine. Katika klabu ya Koreatown, mtaa wa Wakorea, wimbo wa Oakenfold, Ready Steady Go, umetiwa maneno ya Kikorea. Huo si muziki uliopachikwa juu ya picha, kwani wahusika wenyewe wanausikia, na mdundo wake unafunika sauti nyingine kiasi kwamba ghasia zinaanza huku baadhi ya watu bado wanacheza.

Jazi imepewa kazi nzito zaidi. Vincent anaisifu kwa sababu mpigaji hubuni papo hapo, naye huua kwa falsafa hiyohiyo. Anakaa mezani na mwenye klabu ya jazi, Daniel, mpiga tarumbeta ambaye ujanani aliwahi kupiga pamoja na Miles Davis, na wanazungumza kwa furaha ya kweli. Kisha anamuuliza swali, akiahidi kumwacha hai akijibu sawasawa: Miles alijifunzia wapi muziki? Daniel anataja chuo cha muziki cha Juilliard cha New York, jibu ambalo lingemridhisha mwalimu yeyote. Vincent anampiga risasi, kwa hoja kwamba Miles aliacha masomo hayo mapema akamfuata mpiga saksafoni Charlie Parker. Miles aliingia Juilliard mwaka 1944 na kuondoka mwaka uliofuata, kwa hiyo majibu yote mawili yana ukweli ndani yake, na hapo ndipo ukatili wa tukio hilo ulipo.

Wimbo wa Audioslave, Shadow on the Sun, unatumika kinyume kabisa. Koyote, wale mbwa mwitu wadogo wa Amerika Kaskazini, wanakatiza barabara, Max anafunga breki, na sauti ya Chris Cornell, mwimbaji wa Audioslave, inaingia huku watu wawili hao wakiwa kimya. Wahusika hawausikii wimbo huo. Ni sisi tu tunaousikia. Kwa maoni yangu, dakika hiyo inaeleza upweke wao kuliko mazungumzo yao yote.

Howard naye anapata nafasi kubwa kuelekea mwisho, katika kufukuzana hadi ndani ya treni, pale ambapo klabu zimekwisha na hakuna tena mtaa wenye muziki wake.