Je, wajua kwa nini filamu za Abbas Kiarostami hazishuki garini?

Ukitazama filamu tatu nne za Abbas Kiarostami kwa mpigo, utamaliza umechoka kama uliyetoka safari. Mwongozaji huyu wa Iran, aliyezaliwa Tehran mwaka 1940 na kufariki Paris 2016, aliwaweka watu wake garini miaka nenda rudi. Ujanani alisomea uchoraji huku akifanya kazi kwa polisi wa usalama barabarani, lakini jibu haliko huko.

Sababu ya kwanza ni ya kiufundi. Katika filamu yake iitwayo Ladha ya Cheri, mwanamume anazunguka vilima vya nje ya Tehran akitafuta mtu wa kumfukia akishajiua. Anampakia askari kijana, halafu mwanafunzi wa dini, halafu mzee. Kumbe waigizaji hao hawakukaa pamoja! Dereva aliporekodiwa, aliyekaa kiti cha pili ni Kiarostami mwenyewe; abiria aliporekodiwa, Kiarostami alihamia kwenye usukani. Alikuwa akiwachokoza kwa maswali hadi majibu yatoke yenyewe, kisha vipande vikaunganishwa. Dereva mwenyewe, Homayoun Ershadi, alikuwa msanifu majengo. Kiarostami alimwona kwenye foleni ya magari akamgongea kioo. Mwaka 1997 filamu hiyo iligawana Palme d'Or, tuzo kuu ya Cannes, na ya Mjapani Shohei Imamura.

Sababu ya pili ndiyo nzito, na kwa maoni yangu ndiyo yenye akili zaidi. Baada ya mapinduzi ya 1979, mwanamke kwenye filamu za Iran alitakiwa kufunika nywele hata akiwa chumbani na mumewe, kwa kuwa watazamaji si maharimu wake, yaani jamaa wa karibu anaoruhusiwa kuwa nao bila mtandio. Sasa nani hulala na mtandio? Kiarostami aliuona huo ni uongo, akakwepa kuwaonyesha wanawake majumbani. Gari likamwokoa: wapita njia wanachungulia dirishani, kwa hiyo mtandio una maana, lakini milango imefungwa, na watu wanasema ya moyoni.

Katika filamu iitwayo Kumi, ya mwaka 2002, alifunga kamera mbili ndogo za dijitali mbele ya dereva na abiria, yeye akajitoa kando. Filamu inaanza na mtoto wa kiume akimfokea mama yake kwa sababu ya talaka. Kamera inamng'ang'ania mtoto muda mrefu. Mama tunasikia sauti tu. Baadaye abiria mmoja, mwanamke aliyeachwa na mchumba, mtandio unamteleza. Kichwa kimenyolewa.

Jafar Panahi, mwongozaji mwingine wa Iran aliyewahi kuwa msaidizi wa Kiarostami, mwaka 2010 alipigwa marufuku kutengeneza filamu kwa miaka 20. Hata hivyo, mwaka 2015 akatoka na filamu iitwayo Taxi, naye akikimbilia garini: kamera kwenye dashibodi, yeye mwenyewe dereva, mitaa ya Tehran. Anayemtambua ni muuza DVD za magendo.